Fungasha Virago: Polisi Anapokuamuru Uhame Mji

Mwaka 1980, majaji wa Mahakama ya Juu ya India walipokea malalamiko ya mtu aliyeanza maisha akiuza maji ya kunywa katika mitaa ya Delhi. Muuza maji wa barabarani hana ukuta wala mlango. Askari akitaka, anamwaga bidhaa yake. Akitaka, anamwacha auze. Huyu aliachwa auze, lakini akawa analipa kwa ushahidi. Polisi wakimkamata mtu na kukosa shahidi, wanamwita yeye. Anapanda kizimbani, anaapa, anasema ameona kile alichoambiwa kuwa ameona, kisha anarudi kwenye maji yake. Kwa maelezo aliyoyawasilisha mahakamani, alikuwa ametumiwa hivyo katika kesi zipatazo 3,000.

Siku moja alichoka, akakataa. Hapo polisi wakaanza kumwandalia hati kwamba yeye mwenyewe ni mtu wa hatari, asiyefaa kuendelea kuishi Delhi.

Nimeanza na muuza maji kwa sababu kesi yake inaonyesha mamlaka ya polisi ya kumfukuza mtu mjini yakiwa yamevuliwa nguo. Mtu yule yule aliyeaminika vya kutosha kushuhudia dhidi ya wenzake katika kesi zipatazo 3,000 aligeuka kuwa mhalifu wa kufukuzwa mjini siku aliyosema hapana. Na cha kutisha zaidi, hati hiyo haikuhitaji kesi wala hukumu ya hakimu. Sheria ya Polisi ya Delhi ya mwaka 1978 inampa ofisa wa ngazi ya juu wa polisi uwezo wa kumwambia raia: toka, na usionekane hapa mpaka muda niliokupa uishe.

Ukitaka kuyaelewa vizuri mamlaka ya namna hii, nenda Mumbai, jiji lililoitwa Bombay zamani, katika jimbo la Maharashtra. Huko yana historia ndefu, yana jina la mitaani, na yana rundo la hukumu za mahakama. Sheria inayotumika ni ya mwaka 1951, iliyoitwa Sheria ya Polisi ya Bombay hadi ilipopewa jina la Maharashtra mwaka 2012. Watu wa mtaani hawasemi kifungu cha 56. Wanasema fulani ni tadipaar, yaani amevushwa ng'ambo. Katika Kimarathi cha ofisini wanasema haddapaar, na neno hili msomaji wa Kiswahili atalitambua nusu yake: ile hadd ni neno la Kiarabu lenye maana ya mpaka, lile lile tulilolichukua sisi tukapata hadi. Haddapaar ni mtu aliyepitishwa upande wa pili wa mpaka.

Kifungu cha 56 kinamhusu mtu ambaye hajatiwa hatiani. Kamishna wa Polisi, au hakimu mtendaji katika wilaya zisizo na kamishna, anaweza kumwamuru aondoke akiona moja ya mambo kadhaa, na makuu ni mawili. La kwanza, kwamba nyendo zake zinatia watu hofu au zinahatarisha maisha na mali. La pili, kwamba kuna sababu za msingi za kuamini anafanya au yuko karibu kufanya makosa ya nguvu, ya kudhuru mwili au ya mali, na kwamba mashahidi hawataki kusimama hadharani kwa kuhofia usalama wao. Kifungu cha 55 kinahusu makundi na magenge, cha 57 kinahusu waliokwisha kutiwa hatiani kwa makosa fulani. Muda wa juu kabisa, kwa kifungu cha 58, ni miaka miwili. Akirudi bila ruhusa anakamatwa, na kosa hilo peke yake linaweza kumfunga hadi miaka miwili.

Sasa tuwape polisi haki yao, maana hoja waliyo nayo si ya uongo. Usipoziba ufa utajenga ukuta. Mtaani nilikokulia kulikuwa na kijana aliyepita kila Ijumaa kukusanya hela kwa mama ntilie. Hakuwa na kitambulisho wala risiti. Alikuwa na bisibisi tu aliyoizungusha vidoleni wakati anangoja. Kila mtu alijua. Siku alipokamatwa kwa jambo jingine, askari walizunguka mabanda wakiuliza nani yuko tayari kwenda kituoni kuandikisha maelezo. Mama zetu waliinamia masufuria. Hakuna aliyekwenda. Baada ya siku tatu kijana alikuwa mtaani tena, na Ijumaa hela zilikusanywa kama kawaida. Ukiwaambia wale mama kwamba kuna sheria ya kumtoa kijana huyo mjini bila wao kupanda kizimbani, wangeipigia makofi, na nisingewalaumu.

Kwa hiyo swali si kama hofu ya mashahidi ipo. Ipo. Swali ni nani anapima kama ipo kweli katika shauri hili, dhidi ya mtu huyu, leo, na anapima kwa kutumia nini. Neno la polisi peke yake likitosha, sheria iliyotungwa kuwalinda mama ntilie itaishia kumfukuza muuza maji.

Kabla ya kuziangalia hukumu, tukumbuke mamlaka haya yalikotoka. India ya Waingereza ilikuwa na tabia ya kuhesabu watu kuwa wahalifu kabla hawajatenda. Sheria ya Makabila ya Kihalifu ya mwaka 1871 iliwaandikisha watu wa jamii nzima nzima kama wahalifu wa kuzaliwa, ikawafungia mahali pa kuishi na kuwataka waripoti polisi. Mtoto aliingia katika daftari kwa sababu ya mama aliyemzaa. Jiji la Bombay nalo lilikuwa na Sheria ya Polisi ya mwaka 1902, ambayo kifungu chake cha 27 kilimpa kamishna uwezo wa kumfukuza mtu. Uhuru ulikuja mwaka 1947, Katiba ikaanza kutumika Januari 1950, ikisema katika Ibara ya 19 kwamba kila raia ana haki ya kwenda popote nchini na kuishi popote, isipokuwa kwa vizuizi vyenye busara kwa manufaa ya umma. Sheria ya 1871 na zilizoifuata zilifutwa mwaka 1952. Uwezo wa kufukuza ulibaki.

Mwaka huo huo wa 1952 Mahakama ya Juu ililetewa amri ya kamishna wa Bombay. Mlalamikaji alikuwa ametakiwa kuondoka Bombay arudi kwao Amritsar, upande wa pili wa nchi, ingawa baadaye aliruhusiwa kukaa Kalyan, mji ulio kwenye reli nje kidogo ya Bombay. Alilalamika kwamba hakupewa nafasi ya kuwahoji mashahidi waliomsema. Mahakama ilijibu kwamba hiyo ndiyo shabaha yenyewe ya sheria: ipo kwa ajili ya mazingira ambamo mashahidi hawawezi kusimama hadharani, na ukimpa mtuhumiwa haki ya kuwahoji umeiua. Miaka minne baadaye, mwaka 1956, kifungu cha 57 nacho kilipita. Majaji wanne walikiunga mkono. Jaji Jagannadhadas peke yake alikataa.

Nazisoma hukumu hizi mbili kwa uchungu. Majaji wale walikuwa wameishi chini ya mkoloni, wengine wakiwa mawakili wakati wenzao wanafungwa bila kesi, na Katiba ilikuwa bado mbichi mikononi mwao. Nadhani waliiamini mno serikali mpya kwa sababu ilikuwa yao. Waliuliza kama lengo la sheria ni jema, wakajiridhisha kuwa ni jema. Hawakuuliza vya kutosha kuhusu askari wa zamu ambaye ndiye hasa anayeijaza fomu.

Mlango ulianza kufunguka kupitia sheria nyingine, na kupitia neno moja. Jimbo la kati la India lilikuwa na sheria ya mwaka 1946 iliyoruhusu kumfukuza mtu aitwaye goonda. Neno hilo linalingana kabisa na mhuni wetu. Kila mtu anamjua mhuni akimwona, na hakuna wawili wanaokubaliana ni nani. Sheria ile ilieleza goonda kwa maneno ya jumla jumla, kwamba ni mkorofi, ni mzururaji, ni mtu wa hatari kwa amani. Haikumlazimisha mwenye mamlaka kuthibitisha kwanza kwamba aliyesimama mbele yake kweli ni goonda, wala haikumpa mtu nafasi ya kusema mimi si huyo mnayemtafuta. Mwaka 1960 Mahakama ya Juu iliitupa. Lengo linaweza kuwa jema, ilisema mahakama, lakini sheria isiyokupa nafasi ya kukana jina ulilobandikwa haina busara inayotakiwa na Katiba. Huo ulikuwa mpaka wa kwanza wa kweli, na mpaka ukishachorwa mmoja, mingine hufuata.

Mpaka wa pili ni barua. Kifungu cha 59 cha sheria ya Maharashtra kinataka kabla ya kufukuzwa mtu apewe kwa maandishi maelezo ya jumla ya tuhuma kubwa zinazomkabili, apewe nafasi ya kujieleza, alete mashahidi wake akitaka, na asimame na wakili. Kwa lugha ya maofisini kwetu ni barua ya kujieleza. Barua hii ikikosekana, au ikiwa ya mawingu kiasi kwamba mtu hajui ajibu nini, amri yote inaanguka. Inaanguka kwa kishindo kiasi gani? Hilo lilijibiwa na kesi ya mtu wa Ahmedabad ambayo kila mwanafunzi wa sheria India anaijua.

Mtu huyo aliamriwa kuondoka Ahmedabad tarehe 5 Septemba 1967. Siku 12 baadaye alionekana ndani ya jiji. Akashtakiwa kwa kosa la kurudi. Wakati kesi hiyo ya kurudi ikiendelea, aliipinga amri yenyewe katika Mahakama Kuu ya Gujarat, na mwaka 1968 mahakama hiyo ikaifuta kwa sababu hakupewa nafasi halali ya kusikilizwa. Hapo likazuka fumbo linalokuna kichwa. Siku aliporudi, amri ilikuwa hai. Siku alipohukumiwa, ilikuwa imefutwa. Je, alivunja sheria? Serikali ilisema ndiyo: amri ni amri mpaka ifutwe, la sivyo kila mtu atajiamulia ipi aitii. Mwaka 1974 Mahakama ya Juu, kwa kalamu ya Jaji V. R. Krishna Iyer, ilisema hapana. Amri inayogusa haki ya msingi na ikatolewa bila kumsikiliza mhusika haikuwahi kuwa amri tangu siku ya kwanza. Haikufa mwaka 1968, haikuzaliwa kabisa. Mtu hawezi kufungwa kwa kukaidi kitu kisichokuwepo.

Hukumu hii inanigusa, na sababu yake kubwa si ile hoja nzuri ya kisheria. Inamtambua mtu anayetaka kurudi nyumbani. Waswahili walisema mwenda kwao si mtumwa, na historia ya kufukuzwa ina watu wengi waliothibitisha hilo kwa miguu yao. Mekatilili wa Menza alipelekwa na Waingereza kutoka nchi ya Wagiriama, pwani ya Kenya, hadi Kisii mwaka 1913, na akarudi, mwendo wa mamia ya kilomita, mwanamke wa makamo kwa mguu. Karatasi ya bwana mkubwa ilisema mahali pake ni Kisii. Yeye alijua mahali pake.

Kutoka hapo hukumu ziliendelea kuchora mipaka midogo midogo, na ninamwomba msomaji avumilie udogo wake, kwa sababu maisha ya mtu yanaokolewa humo. Chukua suala la tarehe. Amri ya kufukuza inatazama kesho. Inadai kuzuia jambo litakalotokea. Basi makosa ya zamani yanaweza kuiegemeza iwapo tu kuna uzi hai unaoyaunganisha na leo. Kesi ya ugomvi wa miaka saba iliyopita, ambayo pengine mtu alikwisha kuachiwa, haimwelezi mtu alivyo leo. Lakini ukizisoma hukumu utaona jinsi hati nyingi zinavyojazwa mabaki. Afisa anafungua faili, anaorodhesha kila kitu kilichowahi kuandikwa chini ya jina hilo, na orodha ikiwa ndefu inaonekana nzito. Wakili mzuri anaipunguza mstari kwa mstari: hii ni ya zamani, hii aliachiwa, hii ni ya kucheza kamari na haimo hata kwenye makosa yanayotajwa na kifungu. Mwishoni mara nyingi zinabaki mbili.

Ndivyo ilivyotokea katika shauri la mkazi wa wilaya ya Jalna, lililoamuliwa na Mahakama ya Juu tarehe 28 Januari 2022. Alifukuzwa wilayani kwake Desemba 2020 kwa miaka miwili kamili, muda wa juu unaoruhusiwa. Makosa yaliyotajwa yalianzia mwaka 2013. Mahakama iliyaweka kando ya 2013 na 2018 kwa kuwa yamechacha, ikabaki na ya 2020. Kisha ikauliza swali ambalo kwa muda mrefu halikuulizwa kwa ukali wa kutosha: kwa nini miaka miwili? Sheria imeweka miaka miwili kuwa dari, na afisa aliigeuza kuwa sakafu, bila kuandika sababu hata moja. Mahakama ilisema kumfukuza mtu ni hatua isiyo ya kawaida, inamzuia kukaa nyumbani kwake na familia yake, na inaweza kumnyima riziki. Basi anayetoa amri lazima aonyeshe katika maandishi kwamba akili yake ilifanya kazi. Amri ikafutwa.

Suala la eneo nalo ni hilo hilo. Sheria inaruhusu kumfukuza mtu kutoka eneo la afisa na hata maeneo mengine ya jimbo. Sasa fikiria kijana wa mtaa mmoja wa Mumbai anayedaiwa kutisha watu katika soko la mtaa huo. Amri inamtoa Mumbai mjini, Mumbai ya viungani, na wilaya jirani ya Thane. Yaani mamilioni ya watu wanakingwa dhidi ya mtu ambaye hata kwa madai ya polisi wenyewe hajawahi kuwatisha watu wa kituo cha treni kinachofuata. Mahakama Kuu ya Bombay imefuta amri za namna hii mara nyingi, ikitaka sababu kwa kila wilaya iliyoongezwa. Polisi nao wana jibu lao: treni za mtaa zinamrudisha mtu sokoni ndani ya saa moja, ukimwondoa mtaa mmoja hujamwondoa. Si jibu la kipuuzi. Lakini kama ndiyo sababu, iandikwe, ili iweze kupingwa.

Nimesema kwamba hati ya muuza maji iliandaliwa kwa kisasi. Msomaji asidhani hayo yaliishia 1980. Mwaka 2018 mwandishi wa habari wa Amravati, mashariki mwa Maharashtra, aliyekuwa akitumia sheria ya haki ya kupata taarifa kuchunguza matumizi ya fedha za umma katika taasisi za elimu, alijikuta ameandikiwa barua ya kujieleza na kisha amri ya kuondoka mjini kwa mwaka mmoja. Tuhuma zilikuwa za kutishia na kudai fedha, na walalamikaji walikuwa upande wa wale aliowachunguza. Tarehe 25 Agosti 2021 Mahakama ya Juu iliifuta amri hiyo, ikisema haki ya raia ya kutembea na kuishi atakako haiwezi kuondolewa kwa misingi dhaifu. Hesabu mwenyewe miaka: barua 2018, hukumu 2021.

Hiyo ndiyo kasoro ambayo mipaka yote niliyoichora haiitibu. Rufaa ya kwanza ni kwa serikali ya jimbo, ndani ya siku 30. Kifungu cha 61 kinajaribu hata kuifungia mahakama mlango, kikiacha nafasi tatu tu za kupita: kwamba utaratibu wa kusikilizwa haukufuatwa, kwamba hakukuwa na taarifa yoyote ya kuegemea, au kwamba mtoa amri hakuwa na maoni kwamba mashahidi hawataki kujitokeza hadharani. Mwenye wakili atapita. Asiye na fedha za wakili atapanga chumba katika mji asioujua, na kutafuta kibarua kwa watu wasiomjua huku mke amebaki kule na watoto kwa sababu ya shule. Hata siku ya kesi yake mwenyewe anahitaji ruhusa ya kuingia wilaya ambayo mahakama imo. Miaka miwili itakwisha kabla rufaa haijaitwa.

Hapa nyumbani tulikuwa na sheria pacha. Si ajabu, pwani yetu na Bombay zilikuwa chini ya kivuli kimoja cha kisheria, na katika miongo ya mwisho ya karne ya 19 rufaa kutoka mahakama ya kibalozi ya Waingereza Zanzibar zilisikilizwa Bombay. Tanganyika ilipata Sheria ya Kuhamisha Watu mwaka 1921. Ilimruhusu gavana kumtoa mtu sehemu moja ya nchi na kumpeleka nyingine kwa kuonekana hatari kwa amani, na baada ya Uhuru kiti cha gavana kikakaliwa na Rais bila sheria kubadilika moyo. Haki za binadamu ziliingizwa katika Katiba yetu mwaka 1984, lakini mahakama zikazuiwa kuzitumia hadi Machi 1988. Mwaka huo huo mtu aliyeshikiliwa katika gereza la Musoma akisubiri kuhamishwa alikwenda mahakamani, na Jaji James Mwalusanya wa Mahakama Kuu, Mwanza, akatamka kwamba sheria ile inakiuka Katiba. Ibara ya 17 inampa kila raia haki ya kwenda na kuishi popote katika Jamhuri ya Muungano. Kwa Mwalusanya, sheria iliyompa mtawala nafasi ya kumhamisha raia bila kinga ya kutosha haiwezi kukaa nyumba moja na haki hiyo.

Nikiziweka hukumu hizi pamoja, ya Mwanza na zile za India, naona njia mbili. Mwalusanya aling'oa mti. Majaji wa India waliukata matawi kwa miaka sabini, na mti bado umesimama. Mimi niko na Mwalusanya. Najua hoja ya wale mama ntilie, na siichukulii kwa wepesi, lakini shahidi anayeogopa anaweza kulindwa kwa njia nyingine. Mahakama inaweza kumsikiliza faragha mbele ya jaji, inaweza kumficha sura na jina, inaweza kumwekea mshtakiwa masharti ya dhamana ya kutokanyaga mtaa fulani. Katika njia zote hizo kuna hakimu anayepima. Katika kifungu cha 56 anayepeleleza na anayeamua wote ni watendaji wa serikali, na penye kamishna wanakula mshahara wa idara moja.

Krishna Iyer aliliona hilo katika shauri la muuza maji. Aliandika kwamba hofu ya polisi peke yake haitoshi. Lazima pawe na hatari iliyo wazi na iliyo karibu, iliyojengwa juu ya taarifa za kuaminika. Tuhuma za mawingu na usikilizaji wa siri, kwake, vilikuwa ukiukaji mkubwa wa Katiba. Serikali iliahidi mahakamani kuachana na mpango wa kumfukuza, na kutomwita tena kuwa shahidi. Lakini hukumu ile ya 1952 haikufutwa. Mashahidi wa siri wakabaki katika sheria.

Hivi ndivyo wakili anavyoisoma barua ya kujieleza ikiletwa mezani kwake. Anachukua kalamu, anazungushia tarehe zote. Ya zamani anaikata. Anaangalia majina ya wilaya, anauliza kila moja imeingiaje. Anatafuta sababu ya muda uliowekwa. Anamuuliza mteja: kesi hii ilikwishaje? Na hii? Kisha anafika aya ya mwisho, ambako mashahidi wanaitwa A na B. Shahidi A anasema wiki chache zilizopita mtu huyu alimshika shati, akamwonyesha kisu, akachukua fedha mfukoni mwake, watu wakafunga milango. Hakuna jina wala tarehe, na mtaa haukutajwa. Mteja anainama aisome mara ya pili, anauliza ni nani huyu anayesema hivi ili ajue ajibu nini. Kalamu ya wakili imesimama juu ya herufi A, na hapo hana cha kuzungushia.